Vada za mawele na majani ya uwatu: kitafunio kisichohitaji friji

Ukipita mtaa wa Obunga jijini Kisumu wakati wa jioni, pua yako itakueleza ulipo kabla ya macho. Mtaa huu ulio karibu na eneo la viwanda umevuma kwa miaka mingi kwa sababu ya mgongo wazi, yaani ile mifupa ya mbuta inayosalia baada ya viwanda kuondoa minofu na kuisafirisha ng'ambo. Akina mama huinunua mifupa hiyo, huianika juani, kisha huikaanga katika makarai makubwa na kuiuza.

Kwa hivyo, msomaji mpendwa, hatuna nia ya kumfundisha mama wa Obunga namna ya kukaanga. Kazi hiyo anaielewa kuliko wengi wetu. Nia yetu ni kumwonyesha, pamoja nawe popote ulipo, kitu kingine anachoweza kutia karaini: vada za mawele zilizochanganywa na majani ya uwatu. Ni kitafunio cha Wahindi wenye asili ya Gujarati, na huliwa pamoja na chai.

Huenda ukauliza, kwani mandazi yana kasoro gani? Hayana. Lakini mandazi ya unga mweupe humpa mtoto utamu na shibe ya muda mfupi tu. Vada hubeba nafaka isiyokobolewa, mboga ya majani na maziwa lala, vyote katika tonge moja. Isitoshe, ikikaangwa sawasawa hukaa siku mbili hadi tatu bila kuharibika, jambo ambalo ni faraja kwa nyumba isiyo na friji.

Pia kuna suala la riziki. Mgongo wazi hupatikana tu wakati viwanda vina samaki. Mnamo 1999 Muungano wa Ulaya ulipopiga marufuku samaki kutoka Ziwa Victoria kwa hofu ya sumu, viwanda vilikosa soko lake kubwa. Kiwanda kisipochuna minofu, mifupa nayo haitoki. Mama anayetegemea kitu kimoja pekee karaini huwa mateka wa mambo yanayoamuliwa mbali na mlango wake. Nafaka haisubiri uamuzi wa Ulaya.

NAFAKA YETU ILIYOKWENDA NA KURUDI

Tuelewane kwanza kuhusu majina, kwani wengi huchanganya nafaka hizi. Mtama ni ile nafaka ya punje kubwa za mviringo ambayo Wajaluo huiita bel. Wimbi, au ulezi, ni zile punje ndogo nyekundu za uji, nao huziita kal. Mawele ni nafaka ya tatu. Punje zake ni za kijivu, kubwa kuliko wimbi na ndogo kuliko mtama, na hulimwa sana sehemu kavu kama Tharaka, Mbeere na Kitui. Wahindi huyaita bajra au bajri.

Ukisikia "chakula cha Kihindi" usidhani nafaka hii ni mgeni kwetu. Mawele yalianza kulimwa na watu wa Afrika Magharibi, ukingoni mwa jangwa la Sahara, nayo wimbi lilitokea nyanda za juu za Afrika Mashariki, pande za Ethiopia na Uganda. Nafaka hizi zilivuka bahari hadi India maelfu ya miaka iliyopita, na huko zikapata mapishi mapya. Chakula kikarudi na watu.

Reli kutoka Mombasa ilifika ukingoni mwa Ziwa Victoria mnamo 1901, mahali palipoitwa Port Florence, ndiyo Kisumu ya leo. Vibarua wapatao 32,000 waliletwa kutoka India kuijenga, na takriban 6,700 kati yao waliamua kubaki. Wafanyabiashara, wengi wao Wagujarati, walifuata wakafungua maduka. Wengine walijiingiza katika kilimo cha miwa pande za Kibos na Miwani, ambako kiwanda cha sukari kilianzishwa mnamo 1922. Mnamo 2017 serikali ya Kenya iliwatambua Wakenya wenye asili ya Kihindi kuwa kabila la 44 la nchi hii. Basi vada hii nayo ina haki ya kuitwa chakula cha Kenya.

Hata sifa yake ya kukaa siku kadhaa ina historia. Wahindu wa Gujarati wana sikukuu iitwayo Shitala Satam, ambayo huangukia kati ya Julai na Septemba. Siku hiyo moto hauwashwi jikoni. Chakula chote hupikwa siku ya kutangulia na kuliwa kikiwa kimepoa, na vada za bajri ni miongoni mwa vyakula hivyo. Ni chakula kinachofaa kuliwa kikiwa baridi.

MAHITAJI

Vipimo hivi vitakupa vada kati ya 25 na 30. Tumia kikombe kimoja cha chai kupimia vyote.

Unga wa mawele, vikombe 2
Unga wa ngano wa chapati, robo kikombe
Majani ya uwatu yaliyokatwakatwa, kikombe 1
Maziwa lala yaliyo mazito, nusu kikombe
Sukari nguru iliyokwanguliwa, robo kikombe
Simsim, vijiko vikubwa 2
Tangawizi kipande cha kidole, vitunguu saumu punje 4 na pilipili mbichi 2, vyote vitwangwe pamoja
Manjano, nusu kijiko kidogo
Chumvi, kijiko kidogo kimoja
Mafuta, vijiko vikubwa 2 vya kuchanganyia, na mengine ya kukaangia

Uwatu ndio Wahindi huita methi. Watu wa Pwani wanazijua sana mbegu zake, hasa kwa mama anayenyonyesha, lakini majani yake ni mboga vilevile, yenye uchungu kidogo na harufu nzuri. Uliza kwa wauzaji wa mboga wenye wateja Wahindi. Ukikosa, tumia majani machanga ya kunde au mchicha. Ukitaka ule uchungu kidogo, tumia managu, ila yachemshe kwanza, uyakamue maji, kisha uyakatekate.

Sukari nguru haihitaji maelezo kwa mkazi wa Kisumu. Sehemu za miwa huipika kwa wingi, na kiasi kikubwa huishia katika mapipa ya chang'aa. Robo kikombe chake katika vada hufanya kazi iliyo njema zaidi. Hutuliza uchungu wa uwatu na kuipa vada rangi ya kahawia.

Ukikosa mawele, tumia wimbi au mtama. Unga wa wimbi huachana zaidi, kwa hivyo ongeza ngano hadi nusu kikombe. Unga wa mtama hukauka upesi, basi ukande kwa maji ya uvuguvugu.

NAMNA YA KUTAYARISHA

1. Osha majani ya uwatu mara mbili au tatu, kwani hushika mchanga. Yapangushe yakauke, kisha yakatekate. Mashina magumu yatupe.

2. Tia sukari nguru ndani ya maziwa lala na uikoroge hadi iyeyuke. Mabonge yakisalia yataungua karaini na kuacha madoa meusi.

3. Changanya unga wa mawele, ngano, manjano, chumvi na simsim. Pasha moto vile vijiko viwili vya mafuta, uvimwage juu ya unga, ukoroge kwa mwiko, kisha usugue kwa vidole baada ya kupoa kidogo. Usiiruke hatua hii. Mafuta hayo ndiyo huifanya vada iwe laini ndani hata siku ya pili.

4. Tia majani na viungo vilivyotwangwa. Mimina maziwa lala kidogo kidogo huku ukikanda. Ongeza maji kijiko kimoja kimoja pale tu unapoona unga haushikani. Kinyunga kiwe kigumu kidogo kuliko cha chapati.

5. Funika na uache kwa nusu saa. Usikiache mchana kutwa, maana majani na chumvi hutoa maji na kinyunga hulegea.

6. Fanya vidonge vya ukubwa wa ndimu ndogo. Weka kidonge juu ya karatasi safi ya plastiki iliyopakwa mafuta, ukibonyeze kwa kiganja hadi kiwe bapa, unene wa nusu sentimita hivi. Kingo zikipasuka, zizibe kwa kidole chenye maji.

7. Pasha mafuta kwa moto wa wastani. Dondosha chembe ya kinyunga. Ikizama na kubaki chini, mafuta bado. Ikiruka juu na kuwa nyeusi papo hapo, mafuta yamezidi moto. Ikipanda taratibu huku ikitoa mapovu, mafuta yako tayari.

8. Tia vada nne au tano kwa wakati mmoja. Zikaange dakika mbili hadi tatu kila upande, hadi ziwe kahawia iliyokolea. Zitoe, zichuje mafuta na uzitandaze zipoe. Usizirundike zikiwa moto, kwani mvuke utazilainisha na zitachacha.

Zikishapoa kabisa, zitie katika mkebe mkavu wenye kifuniko. Ukiona vada inanata, ina ukungu au inanuka uchachu, itupe. Usimpe mtoto wala mteja.

UNGA UKIWA MCHUNGU

Mara nyingi lawama hutupiwa uwatu, na kumbe mkosaji ni unga. Punje ya mawele ina mafuta mengi kuliko nafaka nyingine nyingi, na mafuta hayo huanza kuharibika mara punje inaposagwa. Unga uliokaa wiki kadhaa dukani huwa mchungu na hunuka kama mafuta ya zamani. Dawa yake ni kununua punje badala ya unga, kuzipepeta, kuziosha, kuzikausha vyema juani, kisha kusaga kilo moja moja. Punje nzima zikiwa kavu hukaa miezi. Zenye ukungu au harufu ya uvundo usizinunue hata kwa bei ya kutupa. Sumu ya ukungu haiondoki kwa kukaangwa.

FAIDA ZAKE MWILINI

Gramu 100 za wimbi zina takriban miligramu 340 za kalisi, ambayo ni zaidi ya mara kumi ya ile iliyo katika mahindi. Mawele nayo yana madini ya chuma kuliko mahindi. Umoja wa Mataifa uliutenga mwaka wa 2023 kuwa mwaka wa kimataifa wa nafaka hizi ndogo, kwa ombi la India. Mataifa yalitaka kukumbushana kwamba zinastahimili ukame na zina lishe.

Hata hivyo mwili hauvuni madini hayo yote. Nafaka nzima ina viini vinavyoyafunga. Njia rahisi ya kuufaa mwili ni kula vada pamoja na kachumbari ya nyanya iliyokamuliwa ndimu, au kipande cha chungwa, na kuacha chai ije baadaye, kwa kuwa chai ya majani huzuia chuma kuingia mwilini.

Tusidanganyane pia. Vada ni chakula cha kukaangwa. Mbili au tatu kwa mtu mzima zatosha. Mgonjwa wa kisukari aiache sukari nguru. Na kwa kuwa uwatu hushusha sukari mwilini, anayemeza dawa za kisukari asianze kutumia mbegu zake kama tiba bila kumwuliza daktari. Mama mjamzito anaweza kula majani haya kama mboga, lakini asinywe mbegu nyingi kama dawa. Anayedhurika kwa njugu au dengu awe mwangalifu, kwani uwatu ni wa jamii hiyo hiyo.

PANDA UWATU MLANGONI

Usiseme huna shamba. Mbegu za uwatu zinazouzwa katika maduka ya viungo huota, mradi hazijakaangwa wala kusagwa. Loweka kiganja kimoja usiku kucha. Toboa matundu chini ya beseni kuukuu au debe, tia udongo wenye mbolea, nyunyiza mbegu na uzifunike kwa udongo kiasi. Zitachipuka baada ya siku tatu hadi tano. Kati ya wiki ya tatu na ya tano utaanza kukata majani. Panda beseni jingine kila wiki mbili ili usikatikiwe. Mwagilia kwa maji safi, na usitumie ya mtaroni.

USALAMA KATIKA CHUMBA KIMOJA

Familia nyingi hupika, hula na kulala katika chumba kimoja. Mafuta ya moto katika chumba kama hicho ni hatari kuliko maji yanayochemka. Kaangia nje au penye mlango wazi, maana moshi wa makaa ndani ya chumba kilichofungwa huua kimyakimya. Weka jiko mahali tambarare, mpini wa karai usielekee njia ya watoto, na mafuta yasizidi nusu ya karai. Mafuta yakishika moto usiyamwagie maji kamwe. Yafunike kwa kifuniko cha chuma au sufuria, uondoe moto chini. Aliyeungua mwagilie maji safi ya baridi kwa dakika 20, kisha umpeleke hospitalini. Usimpake dawa ya meno wala unga.

Mafuta yakipoa yachuje kwa kitambaa na uyatie katika chupa yenye kifuniko, mbali na mwanga. Yakiwa meusi, yakitoa povu lisiloisha au yakianza kufuka moshi kabla ya kupata moto vizuri, maisha yake yamekwisha.

KAMA UNATAKA KUUZA

Kwanza, tenga karai na mafuta ya vada. Usikaangie katika mafuta ya mgongo wazi. Harufu ya samaki haifichiki, na Wahindu wengi hawali nyama wala samaki. Mteja wa namna hiyo akikuamini kwamba mafuta yako ni safi atarudi, lakini ukimhadaa mara moja umempoteza yeye na jirani zake.

Pili, piga hesabu kabla ya kupanga bei. Bei za sokoni hubadilika, kwa hivyo tutoe mfano tu. Tuseme unga, viungo, mafuta yaliyotumika na makaa vimekugharimu shilingi 210, na umepata vada 28. Kila moja imekugharimu shilingi saba na senti 50. Ukiuza zote kwa shilingi kumi kumi utapata shilingi 280, faida ikiwa 70. Watoto wakila nne njiani, utauza 24 kwa shilingi 240, na faida yako imeshuka hadi 30. Hatusemi watoto wasile. Tunasema za watoto zihesabiwe mapema, ili usije ukashangaa jioni mtaji umekwenda wapi.

Tatu, anayeuza chakula hupaswa kupimwa na kuwa na cheti cha afya, ambacho hupigwa upya kila miezi sita, pamoja na leseni ya kaunti. Ulizia katika ofisi ya afya ya umma iliyo karibu nawe kabla askari hawajakuuliza wao.

Anza na kiasi kidogo. Pika vikombe viwili Jumamosi, wape wa nyumbani waonje, jirani naye apate mbili, usikilize watasemaje kuhusu chumvi na pilipili. Jumapili ya pili utakuwa umejua mkono wako. Haba na haba hujaza kibaba, na kibaba cha mawele, tofauti na mifupa ya kiwandani, unaweza kukiweka akiba hadi msimu mwingine.

Mapishi mema!